Gemu Ikiganda Ukibadili Dirisha, Usikimbilie Kupiga Windows

Mchezaji yuko katikati ya misheni ya GTA: Vice City. Ujumbe unaingia, au mwenzake anataka wimbo ubadilishwe, naye anabonyeza Alt na Tab kwa pamoja ili atoke kidogo. Skrini inakuwa nyeusi. Anabonyeza tena, picha inarudi lakini haina uhai: gari limesimama, kipanya hakisogei, sauti inajirudia. Anashikilia kitufe cha kuwashia mpaka mashine izime. Kesho yake yuko kwa fundi, na fundi, kabla hata hajaiwasha, anatamka maneno yanayosikika katika kila mji wa Tanzania: "Hii imeingia virusi, tupige Windows."

Katika kata ya Magamba, Manispaa ya Mpanda, kupiga Windows, yaani kuifuta na kuiweka upya, kuna gharama kubwa. Mpanda ni mwisho wa tawi la reli linalochepuka Kaliua, mwendo wa kilomita 210, na iko zaidi ya kilomita 1,000 kutoka maduka ya Kariakoo ambako kompyuta zilizotumika na vipuri vyake hupitia kwa wingi kabla ya kusambaa mikoani. Kipuri kikikosekana, kinasubiriwa. Draiva, programu inayoiwezesha Windows kukiendesha kifaa, ikikosekana, inashushwa kwa bando la simu. Picha za harusi, vyeti vilivyoskaniwa, kazi za chuo, chochote kilichokuwa kwenye diski C kinaweza kupotea fundi asipokuwa mwangalifu. Na baada ya yote hayo, mara nyingi gemu inaganda tena palepale.

Inaganda tena kwa sababu kasoro haikuwa kwenye Windows. Kuganda wakati wa kubadili dirisha ni tatizo lenye sura yake, na chanzo chake kwa kawaida ni kimojawapo kati ya vitatu: namna gemu inavyoimiliki skrini, uhaba wa kumbukumbu ya kazi (RAM), au draiva ya michoro. Kila kimoja kina dalili zinazoonekana kwa macho na kusikika kwa masikio. Mtu akizijua, anaweza kuokoa mafaili yake na fedha zake.

Tuanze na skrini. Gemu nyingi za zamani huendeshwa katika hali ya skrini nzima ya kipekee. Hazichori ndani ya dirisha kama zinavyofanya programu nyingine. Hukabidhiwa skrini yote, huweza kubadili hata vipimo vyake, mathalani kutoka 1366 kwa 768 hadi 800 kwa 600, na huhifadhi picha zao katika kumbukumbu ya michoro. Ni kama mtu aliyekodi ukumbi mzima kwa sherehe: akitoka, mwenye ukumbi anaondoa viti na mapambo, na akirudi inabidi apange kila kitu upya.

Kazi hiyo ya kupanga upya ndiyo inayozishinda gemu nyingi. GTA: San Andreas, iliyotolewa kwa kompyuta mwaka 2005, imejengwa juu ya Direct3D 9, maktaba ya michoro ambayo Microsoft iliitoa mwishoni mwa 2002. Chini ya maktaba hiyo, gemu ya skrini nzima ikinyang'anywa skrini hupewa taarifa kwamba kifaa chake cha kuchorea kimepotea. Tangu hapo haiwezi kuonyesha chochote. Inatakiwa iulize kila mara kama skrini imepatikana, iachie vitu ilivyoviweka katika kumbukumbu ya michoro, iombe kifaa kianzishwe upya, kisha ipakie tena picha za barabara, nyumba, magari na watu. Mwandishi wa gemu akisahau kuachia kitu kimoja tu, ombi la kuanzisha upya linakataliwa. Gemu inaomba tena, inakataliwa tena, na mchezaji wa Magamba anaendelea kutazama weusi.

Microsoft iliupunguza mzigo huu ilipoleta Windows Vista. Direct3D 10 haina tena habari ya kifaa kupotea kwa sababu tu mtu amebadili dirisha, na lile toleo la tisa likaongezewa nyongeza inayovumilia zaidi. Lakini nyongeza hiyo husaidia gemu iliyoandikwa kwa kuizingatia. Vice City na San Andreas zilikuwa zimeshatoka na ziko madukani. Ndiyo maana kompyuta inayoendesha gemu mpya bila shida inaweza kuganda kwenye gemu ya miaka ishirini iliyopita, jambo linalowashangaza wengi wanaodhani gemu nyepesi haiwezi kuisumbua mashine yenye nguvu.

Kosa la gemu linaweza kujificha muda mrefu kiasi cha kutisha. Mwaka 2025 mtaalamu wa programu Adrian Zdanowicz, anayejulikana kwa jina la Silent na aliyetengeneza marekebisho yaitwayo SilentPatch, alieleza kwa nini ndege aina ya Skimmer ilitoweka ndani ya San Andreas kwenye toleo la Windows 11 la 24H2. Katika faili la takwimu za vyombo vya usafiri, ndege hiyo haikuandikiwa vipimo vya magurudumu. Kwa miaka yote hiyo gemu ilikuwa ikiokota namba zilizosalia katika kumbukumbu, na kwa bahati namba hizo zilifaa. Toleo jipya la Windows liliacha namba nyingine mahali palepale, na ndege ikapotea. Windows ilikuwa ya kwanza kutiliwa shaka, lakini kosa lilikuwa la gemu tangu siku ilipotoka.

Sasa dalili. Mashine ikiganda, jambo la kwanza ni kuiacha na kuitazama kwa dakika moja. Windows huandika "Not Responding" kwenye dirisha ambalo halijapokea ujumbe wake kwa sekunde tano, na gemu inayopakia upya mamia ya picha kutoka diski ya polepole inapita sekunde tano kwa urahisi. Maandishi hayo hayathibitishi kwamba gemu imekufa. Kubonyeza ovyo wakati huo kunaongeza foleni ya amri ambazo gemu italazimika kuzitekeleza ikizinduka.

Kisha mchezaji abonyeze Caps Lock. Taa yake ikiwaka na kuzima, mfumo wenyewe bado uko hai na shida imebaki kwenye gemu au michoro. Taa isipobadilika, kipanya kisisogee na sauti ikakwama kwenye mlio mmoja, hapo mashine nzima imesimama na mashaka yahamie kwenye draiva, joto au diski. Na kama muziki wa gemu unaendelea vizuri nyuma ya skrini nyeusi, hiyo ni dalili nzuri kuliko zote: gemu inaishi, imekosa tu njia ya kuchora. Tahadhari hapa ni kwamba baadhi ya gemu hujinyamazisha zenyewe dirisha lake linapoachwa, kwa hiyo ukimya peke yake hausemi mengi.

Taa ya diski nayo ni shahidi muhimu, na inatuleta kwenye RAM.

Chukua HP EliteBook 840 G1, mojawapo ya kompyuta mpakato za ofisini ambazo zinauzwa sana kama zilizotumika. Michoro yake kwa kawaida hufanywa na Intel HD ambayo haina kumbukumbu yake yenyewe. Inakopa kwenye RAM ileile inayotumiwa na kila kitu kingine. Kama RAM ni GB 4, Windows 10 yenyewe huchukua karibu nusu. Michoro inakata sehemu yake. Gemu inapata kilichobaki. Mchezaji akihamia Chrome na kufungua kurasa tatu, Windows haina pa kuziweka ila kwa kuiondoa gemu kwenye RAM na kuiandika katika faili maalumu kwenye diski. Ikiwa diski ni ile ya sahani inayozunguka, kila kipande cha data kinachotafutwa mahali tofauti hugharimu milisekunde kumi au zaidi. Vipande ni maelfu. Anaporudi kwenye gemu, vyote vinasomwa upya, taa ya diski inawaka bila kupepesa, na skrini imeganda kwa muda unaotosha kumkatisha tamaa mtu yeyote.

Hapo hakuna kirusi wala kosa la mtu. Ni msongamano, na tiba yake ya kwanza haina gharama: kufunga Chrome kabla ya kuanza kucheza, na kusikiliza muziki kwa programu nyepesi au kwa simu. Mwenye fedha ya kununua kitu kimoja tu, na RAM yake ni GB 4, aanze na RAM. Diski ya SSD, isiyo na sahani inayozunguka, huufanya msongamano upite haraka, lakini RAM inauzuia usitokee. Faida nyingine ni kwamba EliteBook hiyo ina nafasi mbili za RAM, na zikijazwa zote mbili michoro ya Intel hupata njia mbili za kusoma kumbukumbu badala ya moja, kwa hiyo gemu zenyewe huenda vizuri zaidi. Kinachopaswa kuepukwa ni ule ushauri wa kuzima faili la kumbukumbu kwenye diski eti ili mashine iwe nyepesi. Ukilizima, RAM ikijaa gemu haitaganda. Itafungika kabisa bila kuhifadhi chochote.

Chanzo cha tatu, draiva, ndicho hugeuza matengenezo kuwa balaa. Windows ikipigwa upya mahali pasipo na intaneti, mara nyingi hubaki na draiva ya akiba ambayo katika Device Manager huandikwa "Microsoft Basic Display Adapter". Draiva hiyo inatosha kuandika barua na kutazama picha. Haiitumii kabisa nguvu ya michoro iliyomo ndani ya mashine. Mteja anarudishiwa kompyuta "mpya", anafungua gemu ya mpira ya PES, nayo ama inakataa kuwaka ama inatambaa. Anaambiwa mashine yake ni ya zamani mno. Ukweli ni kwamba jana ilikuwa na draiva ya Intel, leo haina.

Hata draiva sahihi inaweza kujikwaa wakati wa kubadili dirisha. Windows huipa kadi ya michoro sekunde mbili imalize kazi iliyopewa. Ikipitisha, mfumo unaizima na kuianzisha upya. Mchezaji huona skrini ikifumba na kufumbua, na gemu nyingi haziwezi kustahimili mshtuko huo. Tukio hilo haliishi bila kuacha alama. Katika Event Viewer, daftari la matukio la Windows, huandikwa chini ya jina Display kwa namba 4101, wakati programu iliyoganda yenyewe huandikwa Application Hang kwa namba 1002. Atakayeona 4101 zikijirudia ana sababu ya kushughulikia draiva au joto. Vumbi la kiangazi Mpanda huziba feni haraka, na kusafisha feni ni kazi ya brashi na uvumilivu. Atakayeona 1002 peke yake, kwa gemu ileile kila mara, aiache Windows yake salama na airekebishe gemu.

Kuirekebisha gemu kunaanzia ndani yake yenyewe. Kwenye mipangilio ya picha, palipoandikwa "Fullscreen" pabadilishwe kuwa "Borderless" au "Windowed". Gemu inayochorwa ndani ya dirisha lililojaa skrini haimiliki chochote cha kunyang'anywa, kwa hiyo kubadili dirisha hakuihusu. Matoleo ya PES ya kompyuta yana programu ndogo ya mipangilio inayokaa pembeni ya gemu yenyewe, na humo mna uchaguzi wa dirisha. Isipowezekana, basi vipimo vya picha vya gemu vilinganishwe na vya skrini ya Windows, ili angalau skrini isilazimike kubadili vipimo kila mtu anapotoka na kurudi. Hilo peke yake limetuliza gemu nyingi.

Vice City na San Andreas hazikuja na uchaguzi wa dirisha. Kwa hizo kuna dgVoodoo 2, programu ndogo isiyolipiwa inayozitafsiri amri za Direct3D 8 na 9 kwenda matoleo mapya, na inaweza kuilazimisha gemu ikae dirishani. Ipo pia DXVK, maarufu kwa watumiaji wa Linux, inayotafsiri kwenda Vulkan. Lakini Intel HD za prosesa za kizazi cha nne, kama ya EliteBook 840 G1, hazikupewa Vulkan kwenye Windows, kwa hiyo kwa mashine hizo dgVoodoo ndiyo njia. Programu ya namna hii ichukuliwe kwenye ukurasa wa mtengenezaji wake. Mafaili ya d3d8.dll na d3d9.dll yanayozunguka kwenye flashi bila kujulikana yalikotoka ni mlango mzuri wa virusi vya kweli.

Hapa lazima lisemwe jambo ambalo wengi hulikwepa. Gemu nyingi zinazosambazwa kwa flashi mitaani zimepunguzwa ili ziwe ndogo na zimevunjwa ulinzi wake ili ziwake bila kununuliwa. Aliyezivunja amegusa msimbo wake, na marekebisho rasmi huzikataa. Mtu anaweza kuhangaika na draiva mwezi mzima wakati kasoro iko kwenye nakala. Nakala ya aina hiyo ipitishwe kwanza kwenye Windows Defender, ambayo tayari imo ndani ya mashine, na kama gemu ileile kutoka chanzo kingine haigandi, jibu limepatikana.

Programu zinazoning'inia juu ya gemu nazo zizimwe moja baada ya nyingine: Game Bar ya Windows, Discord, kirekodi skrini. Zote hujipenyeza katika hatua ileile ya mwisho ambapo picha inapelekwa kwenye skrini, na mbili zikikutana hapo wakati dirisha linabadilika, mgongano si ajabu.

Na gemu ikiwa imeshaganda? Kitufe cha kuwashia kiwe cha mwisho kabisa. Mpanda iliishi miaka mingi kwa umeme wa jenereta za dizeli, nje ya gridi ya taifa, na watu wake wanajua umeme ukikatika ghafla unavyoharibu vyombo. Kuzima kwa nguvu diski ikiwa inaandika ni kuikata umeme kwa mkono. Kwanza ni Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja kufungua Task Manager. Ikifunguka lakini imefichwa nyuma ya gemu, kitufe cha Windows, Ctrl na D hutengeneza eneo jipya tupu la kazi, na Task Manager ikiitwa tena huko gemu huweza kufungwa kwa utaratibu. Skrini ikibaki nyeusi, kitufe cha Windows, Ctrl, Shift na B huianzisha upya draiva ya michoro bila kuzima mashine. Mlio mfupi husikika na skrini hufumba kidogo. Wachezaji wachache wanaijua amri hii, na imeokoa kazi nyingi ambazo hazikuwa zimehifadhiwa.

Kwa wanaocheza kwenye simu, kisa ni kilekile kwa jina jingine. Mtu yuko ndani ya Free Fire au eFootball, anatoka apige *150*00# atume hela, akirudi gemu inaanza upya kutoka nembo ya kwanza. Android huruhusu programu iliyowekwa nyuma ipokonywe eneo lake la kuchorea, na RAM ikipungua huiua kabisa ili iliyo mbele ipate nafasi. Kwenye simu ya GB 2 au 3 hilo hutokea haraka, na baadhi ya simu zina kiokoa betri kinachoharakisha mauaji hayo. Simu nyingi huruhusu gemu ifungiwe kufuli kwenye orodha ya programu zilizofunguliwa, au itolewe kwenye orodha ya kiokoa betri. Lakini ikiwa mechi ni ya mtandaoni, seva haimsubiri aliyetoka. Mwenye kitochi cha pembeni na amalize miamala yake huko.

Jambo moja zaidi linawahusu wenye mashine hizi za zamani. Microsoft ilisitisha huduma ya kawaida kwa Windows 10 tarehe 14 Oktoba 2025, na EliteBook 840 G1 haimo katika orodha ya mashine zinazokubaliwa na Windows 11. Kwa hiyo shinikizo la kupiga mfumo mpya litaongezeka, na kutakuwa na mafundi watakaoweka Windows 11 kwa njia za mkato kwenye mashine ambazo Intel haijazitengenezea draiva ya mfumo huo. Kabla ya kukubali, mwenye mashine anakili mafaili yake kwenye diski ya nje, ashushe draiva ya michoro kutoka ukurasa wa mtengenezaji wa kompyuta na kuiweka kwenye flashi, ndipo fundi aanze.

Na wewe msomaji, ukiambiwa tatizo ni virusi, mwombe fundi afungue Event Viewer akuonyeshe, na umuulize kama gemu imejaribiwa dirishani. Fundi anayeijua kazi yake hatachukia kuulizwa.